Benson Wanjau: Mtu Aliyefichwa na Ojwang'

Na mwanachama wa Kidato cha Tatu

Kabla sijaenda mbali nataka kuwauliza swali moja, na msichungulie chini ya ukurasa. Benson Wanjau ni nani?

Swali hili nililiuliza darasani mwetu siku moja baada ya kipindi cha mwisho. Mmoja alisema ni mbunge wa zamani. Mwingine akasema ni mkimbiaji. Rafiki yangu wa dawati la nyuma, ambaye hakosi jibu hata akiwa amelala, akasema ni mwandishi wa kitabu cha hesabu. Basi nikaomba ruhusa nikaenda kwenye chumba cha walimu, nikauliza huko pia. Kati ya walimu wanne, mmoja tu ndiye aliyejua. Hapo nikabadilisha swali: Je, Ojwang' ni nani? Lo! Chumba kizima kilicheka kabla sijafunga mdomo, na mwalimu mmoja akaanza kurekebisha tai yake na kutembea kama yeye, kwa magoti.

Benson Wanjau ndiye Ojwang'. Alikuwa mwigizaji wa televisheni katika nchi yetu kwa miaka mingi, na jina la mhusika wake lilimeza jina lake mwenyewe likalimaliza kabisa. Nimeamua kuandika juu ya kazi yake kwa sababu inafundisha somo la isimu jamii kuliko maelezo niliyokuwa nimenakili daftarini. Pia kuna jambo lililonipata mimi mwenyewe katika chama chetu, nalo nitalieleza huko mbele bila kuficha.

Mimi nilimjua kupitia kwa abti yangu. Abti aliishi Eastleigh miaka ya tisini, na siku hizi anaishi hapa Garissa, Bulla Iftin. Usiku stima ikipotea tunakaa nje kwenye mkeka, naye hufungua simu yake na kutuonyesha vipindi vya zamani. Usiku mmoja akafungua kipande cha Vitimbi. Nikaona mzee mmoja mwenye koti, tai na miwani mikubwa akigombana na mkewe, Mama Kayai. Kiswahili chake kilikuwa cha Kijaluo kabisa. Nilicheka mpaka nikaegemea ukuta. Nikamuuliza, "Abti, huyu mzee ni Mjaluo wa wapi?" Akanijibu, "Abti, huyu si Mjaluo. Ni Mkikuyu."

Nilidhani ananitania. Nikarudia kutazama kile kipande mara ya pili, mara ya tatu, nikitafuta Mkikuyu ndani ya yule mzee. Sikumpata.

Sasa turudi nyuma kidogo ili tujue mambo yalivyokuwa. Televisheni ilianza nchini Kenya mwaka wa 1962. Mwaka wa 1964 shirika la utangazaji likawa Sauti ya Kenya, nalo mwaka wa 1989 likapewa tena jina la KBC ambalo linatumika hadi leo. Mpaka KTN ilipoanza mwaka wa 1990, mwenye televisheni hakuwa na la kuchagua: aliwasha akatazama kilichokuwepo, au alizima akalala. Kwa hivyo mwigizaji aliyetokea humo alikuwa mgeni wa kila nyumba yenye televisheni, na pia wa majirani waliojazana dirishani. Abti yangu alikuwa mmoja wa hao wa dirishani.

Wanjau aliigiza katika Vitimbi, Vioja Mahakamani, Vituko na vinginevyo. Vitimbi vilihusu mambo ya nyumbani: ndoa, ujanja, madeni, majirani wasiokwisha. Katika Vioja Mahakamani watu hushtakiwa kortini kwa makosa ya ajabu ajabu, na kila mmoja hujitetea kwa Kiswahili chake cha kwao. Ukikitazama kipindi hicho kwa sikio la mwanafunzi wa isimu jamii utaona ni kama maonyesho ya lafudhi za Kenya nzima. Sammy Muya, kwa mfano, aliitwa Masanduku arap Simiti na alisema Kiswahili cha Kikalenjini. Naye Mama Kayai, ambaye watu wengi walidhani ni Mjaluo na kwamba ameolewa kweli na Ojwang', jina lake halisi ni Mary Khavere, nalo ni jina la Kiluhya. Kwa hivyo ile nyumba maarufu ya Kijaluo katika televisheni yetu ilikuwa na baba Mkikuyu na mama Mluhya!

Hapa ndipo nataka tutulie, maana kazi ya Wanjau si ndogo kama inavyoonekana. Lafudhi, kama tulivyofundishwa, ni ile namna ya mtu ya kutamka inayotokana na lugha yake ya kwanza. Lugha ya Kijaluo haina sauti "sh". Mjaluo wa kijijini aliyejifunza Kiswahili ukubwani husema "samba" badala ya shamba, na "sida" badala ya shida. Lugha ya Kikuyu nayo haina "l", ndiyo maana mzungumzaji wake huichanganya na "r" na kusema "kurara" badala ya kulala. Haya, fikirini sasa. Mkikuyu anayetaka kuigiza Mjaluo ana kazi mbili. Kwanza auondoe Ukikuyu wake ulimini, hata ile "r" moja isimponyoke. Kisha avae Ujaluo juu yake. Tena asivae kwa sentensi moja tu ya kuchekesha. Avae kipindi kizima, akiwa na hasira, akiwa na huzuni, akinong'ona, akipiga kelele. Jaribuni nyumbani mkiwa na hasira ya kweli mwone kama mtaikumbuka hiyo lafudhi ya kuazima.

Kuna waigizaji waliosaidiwa na mwili wao. Joseph Olita, Mkenya wa kutoka Siaya, aliigiza Idi Amin katika filamu ya mwaka wa 1981 iliyohusu kupanda na kuanguka kwa dikteta huyo, akaitwa tena kumwigiza Amin huyo huyo katika Mississippi Masala mwaka wa 1991. Alikuwa na umbo la kufanana naye. Huyo nampa heshima zake. Lakini Wanjau hakuwa na wa kufanana naye, kwa kuwa Ojwang' hakuwahi kuzaliwa mahali popote. Ilimbidi amtengeneze kwa ulimi, koti, tai na miwani.

Mpaka hapo mtaona nimeandika kama mtu anayejua mambo. Sasa nieleze nilivyokuwa sijui.

Mwaka jana tulikwenda kwenye tamasha la michezo ya kuigiza. Shule moja, ambayo sitaitaja, ilikuwa na mchezo wenye mhusika Msomali. Alivaa macawis, akashika mswaki mdomoni, akatokea mara tatu jukwaani. Kila mara alisema "bole bole" na "leta besa", watu wakaanguka kwa kicheko, akatoka. Ni hayo tu. Hakuwa na jina. Hakuwa na shida yoyote iliyomleta wala hakuna aliyemjibu. Sisi wa kutoka Garissa tulikuwa tumekaa safu nzima pamoja. Kwanza tulinyamaza. Halafu watu wakageuka kututazama kama tumekasirika, basi tukacheka na sisi, ile ya meno tu. Ndani ya basi wakati wa kurudi hakuna aliyezungumzia mchezo huo mpaka tukavuka daraja la Tana.

Mngedhani mtu aliyeumwa na nyoka hawezi kumtupia mwenzake nyoka. Muhula uliofuata chama chetu kikatunga mchezo wa kuchekesha wa dakika kumi, nami nikapewa sehemu ya mwalimu kutoka Magharibi. Katika baadhi ya lugha za Waluhya sauti "b" na "g" hazisimami peke yake, kwa hivyo mzungumzaji huweza kusema "pasi" badala ya basi na "kari" badala ya gari. Nilijifunza hizo mbili nikaona nimehitimu. Siku ya mazoezi nikaingia nikiwa nimevuta suruali juu ya kitovu, nikasema kari, nikasema pasi, nikatembea kama bata. Wenzangu walipiga meza. Kumbe mlezi wa chama chetu alikuwa amesimama mlangoni, naye ni mtu wa kutoka huko huko Magharibi.

Hakukasirika. Alingoja tunyamaze, akaniuliza, "Huyo mwalimu wako anataka nini?"

Sikuelewa. Nikamjibu, "Mwalimu, anachekesha."

"Nimeona anachekesha. Nauliza anataka nini. Ameingia hapa kutafuta nini?"

Sikuwa na jibu. Akasema tuendelee na mazoezi, akaenda zake kusahihisha madaftari. Usiku huo sikulala vizuri. Ninyi nyote mnajua historia ya hapa kwetu. Baada ya mashambulizi ya Mandera mwishoni mwa mwaka wa 2014 na ya Chuo Kikuu cha Garissa tarehe 2 Aprili 2015, ambapo watu 148 waliuawa, walimu wengi wa kutoka bara waliondoka mkoa huu na madarasa yakabaki na ubao mtupu. Mwalimu wetu alikuja wakati wengine walikuwa bado wanaomba uhamisho. Amekaa. Na mimi nikamfanya kari na pasi.

Ndipo nikaenda kwa abti nikamwomba simu, nikatazama Ojwang' upya, safari hii bila kucheka. Nilikuwa na kalamu. Nikajiuliza lile swali la mwalimu katika kila kipande: mzee huyu anataka nini? Ajabu ni kwamba kila mara jibu lilikuwepo. Mara anataka heshima katika nyumba yake na hapewi. Mara anataka kuficha jambo ambalo Mama Kayai ameshalijua zamani. Mara anataka kuonekana msomi mbele ya wageni. Kinachochekesha ni yeye kujitahidi kwa bidii yote na mambo kuharibika mikononi mwake. Hebu fikirini Ojwang' huyo huyo akisema Kiswahili sanifu cha taarifa ya habari: bado angechekesha, labda nusu. Ondoa "bole bole" kwa yule Msomali wa tamasha, habaki mtu hata kidogo. Linabaki vazi.

Nimeongea na wenzangu wanaosema kwamba kuigiza kabila la mwingine ni kosa lenyewe, mtu aigize kwao. Mimi sikubaliani nao, ingawa nawaelewa. Kama ingekuwa hivyo, Wanjau asingekuwa na kazi, na Mary Khavere pia. Pengine kuna Wajaluo ambao hawakumpenda Ojwang', na wana haki. Lakini abti ananiambia kwamba pale Eastleigh aliokuwa akitazama nao dirishani walikuwa Wajaluo, Wakamba, Wasomali, Wakikuyu, na kila mmoja alimwona Ojwang' kama mzee fulani wa kwao. Abti mwenyewe anasema anafanana na babu yetu kwa ubishi.

Wasomali nao wana mfano wao mkubwa. Barkhad Abdi alizaliwa Mogadishu mwaka wa 1985, akakulia Yemen, kisha familia yake ikahamia Minneapolis, Marekani, mwaka wa 1999. Hakuwa mwigizaji. Alikuwa dereva wa limuzini na aliwahi kuuza simu dukani. Walipotafutwa watu wa kuigiza maharamia katika filamu ya Captain Phillips, inayohusu meli iliyotekwa mwaka wa 2009 ikielekea Mombasa, vijana zaidi ya 700 walijitokeza, akachaguliwa pamoja na wenzake watatu. Filamu ilitoka mwaka wa 2013. Mwaka uliofuata alishinda tuzo ya BAFTA ya Uingereza ya mwigizaji msaidizi bora, na jina lake likatajwa pia miongoni mwa wagombea wa Oscar. Sehemu yenyewe ni ya haramia, jambo ambalo baadhi yetu hatukulipenda, maana kila Msomali wa filamu ni lazima awe na bunduki? Lakini mtazameni. Yule haramia ana njaa, ana wakubwa wanaomdai, ana hofu anayoificha. Anataka kitu. Baadaye, katika Eye in the Sky ya mwaka wa 2015, Abdi aliigiza mpelelezi wa Kenya ndani ya Eastleigh, ingawa filamu hiyo ilipigwa Afrika Kusini na si pale kwa abti.

Nikirudi kwa Wanjau, mwisho wake haukuwa wa raha kama kicheko alichotupa. Waigizaji wengi wa enzi hizo wamelalamika hadharani kwamba malipo yalikuwa haba. Ojwang' alijulikana na nchi nzima, lakini sifa haipikwi ikaliwa. Katika miaka ya mwisho macho yalimsumbua, yale aliyokuwa akituangalia nayo kupitia miwani, na wananchi wakachanga fedha za matibabu yake. Alifariki tarehe 12 Julai 2015 katika Hospitali Kuu ya Kenyatta, Nairobi, akiwa na umri wa miaka 78. Magazeti yaliandika kwamba Mzee Ojwang' amefariki. Ilibidi waandike hivyo, kwa sababu wangeandika Benson Wanjau tu, wengi wangefungua ukurasa mwingine wakatazama mpira. Miaka mitano baadaye, Julai 2020, ndivyo ilivyokuwa pia kwa Charles Bukeko, ambaye tulimjua kwa jina la Papa Shirandula, yule bawabu anayewaficha watu wa kwao kwamba yeye ni bawabu.

Sasa niwaambie mchezo wetu ulifikia wapi. Nilirudi kwa wenzangu nikasema mwalimu wangu wa kari na pasi nimemtupa. Tulikaa chini ya mwarobaini siku mbili tukibishana. Halafu nikaona jambo ambalo lilikuwa masikioni mwangu miaka yote. Kisomali hakina "p", wala "v", wala "z". Kwa hivyo wazee wetu husema besa, fitabu, suri. Tazameni lilivyo: "p", ambayo ni sighuna, tunaigeuza kuwa "b" ghuna. Mluhya wa kijijini hufanya kinyume, anaichukua "b" na kuigeuza kuwa "p". Mimi na mwalimu tumegawana makosa kama watu waliogawana viatu, huyu wa kulia, huyu wa kushoto!

Mchezo ukajiandika wenyewe. Mwalimu kutoka Magharibi amepigiwa simu kwamba mama yake ni mgonjwa. Anakimbia Soko Mugdi kutafuta tikiti ya basi la mwisho kwenda Nairobi, jioni inakaribia. Anaingia duka lisilo lake. Mwenye duka ni mama wa Kisomali ambaye hajauza kitu tangu asubuhi na ana karo ya kulipa.

"Mama, nataka pasi ya leo leo!"

"Basi iko, mwalimu. Ya makaa au ya stima?"

Mwalimu anashangaa. Basi la makaa? Lakini ana haraka, anasema yoyote, bora ifike Nairobi. Mama naye anashangaa pasi ya kunyoosha nguo inakwenda Nairobi kufanya nini, lakini ni mteja wa kwanza wa siku, hamwachi. Na saa inakwenda.

Siku ya kusoma mara ya kwanza, msichana aliyepewa sehemu ya mama mwenye duka alikuwa na homa. Mlezi wetu akasema atamsomea. Kwa hivyo ikawa hivi: mimi, kijana wa Bulla, nimekuwa mwalimu wa Magharibi, na mwalimu wa Magharibi amejifunika kitambaa cha meza kichwani amekuwa mama wa Bulla. Aliposema "basi iko" kwa sauti ya chini, akinipangusia pasi isiyokuwepo kwa kiganja chake ili nione haina kutu, nilimwona ayeyo yangu kabisa. Sikuweza kuendelea. Nilicheka mpaka karatasi ikaanguka.

Aliingoja niiokote. Kisha akasema, "Rudia pale unapoingia. Umeingia taratibu sana. Basi linaondoka saa kumi, na mama yako ni mgonjwa."

Nikatoka nje ya mlango, nikaingia tena.